Malindi au Lamu: uweke kambi wapi ukitengeneza filamu ya makala juu ya mafuriko, ukame na bahari inayopanda

Anayetaka kutengeneza filamu ya makala kuhusu watu wanaoishi na hali mbaya ya hewa pwani ya kaskazini ya Kenya hujikuta njia panda mapema: aweke kambi Malindi au Lamu? Kwenye ramani miji hii ni majirani. Kikazi ni mbali kabisa. Malindi utakuta maji yanayokuja kwa kishindo na kuondoka. Lamu utakuta maji yanayonyemelea: chumvi inayopanda kisimani, ufuo unaomegeka, birika linalokauka kabla ya mvua kurudi. Ukiwa na wiki tatu tu za kurekodi na hujui mtu, chagua Malindi. Ukiwa na mwaka mzima na moyo wa kurudi pale pale mara sita, chagua Lamu.

Maji ya mto

Ukikaa Malindi unaifikia mito miwili. Sabaki unaingia baharini kaskazini kidogo tu ya mji. Tana uko mbele zaidi, na Garsen ni kama kilomita 110 kwa barabara. Mito hii haifuriki kwa namna moja, na tofauti yake ndiyo itakayokupangia ratiba. Tana una msururu wa mabwawa ya umeme: Masinga, Kamburu, Gitaru, Kindaruma na Kiambere. Masinga likijaa hadi mita 1,056.5 juu ya usawa wa bahari, maji huanza kumwagika, na tahadhari hutolewa kwa wakazi wa Garissa na Tana River. Kutoka huko hadi kwenye delta ni mamia ya kilomita, kwa hiyo una siku kadhaa za kuchaji betri na kutafuta mtumbwi. Sabaki hauna msururu kama huo. Mvua kubwa ikinyesha Machakos na Makueni, maji hayapati pa kupumzikia, na muda wako wa kujiandaa ni mfupi zaidi.

Kosa la kawaida ni kutazama mbingu ya Malindi. Malindi kunaweza kuwa na jua kali huku mto ukipanda, kwa sababu mvua inayoujaza hunyesha bara. Utabiri wa siku saba wa Idara ya Hali ya Hewa usome kwa kuanzia nyanda za juu za mashariki na kati, kisha ndipo uje pwani.

Misimu nayo ni miwili. Masika ya pwani hukolea Mei. Vuli ni Oktoba hadi Desemba, na ndiyo inayobadilika zaidi mwaka hadi mwaka: vuli za 1997, 2019 na 2023 zilifurika katika miaka ambayo Bahari ya Hindi upande wetu ilikuwa na joto kuliko kawaida. Kabla ya vuli ya 2023, mvua zilikuwa zimekosekana misimu mitano mfululizo kuanzia mwisho wa 2020. Kwa hiyo usiandike mradi wa "ukame" na mwingine wa "mafuriko" kana kwamba ni watu wawili tofauti. Nyuma ya Malindi, kuelekea Magarini na Ganze, ni nyumba zile zile. Swali linalowafungua watu ni hili: mlipata nini cha kushika baina ya ukame kwisha na maji kufika?

Maji ya bahari

Lamu haina mto wa kukuletea habari mapema. Hapa hali ya hewa hupimwa kwa siku ambazo mvuvi hakutoka. Kusi ikikaza, Mei hadi Agosti, mashua ndogo hazivuki mwamba kwenda bahari kuu, na nyumba hula deni. Vimbunga havifiki mara kwa mara kwenye pwani iliyo karibu hivi na ikweta, ingawa upepo na mawimbi yake hufika: Hidaya ilitua Mafia, Tanzania, tarehe 4 Mei 2024, na bahari ya Kenya nayo ikachafuka. Anayekuja Lamu kusubiri tukio moja kubwa atarudi na kadi tupu. Makala ya Lamu hujengwa kwa siku nyingi ndogo.

Tazama jabia, kwa mfano. Visiwani Pate, Ndau na Kiwayu watu hukinga mvua kwenye sakafu pana ya saruji au chokaa inayoinamia birika, na maji hayo hunywewa miezi ya kiangazi. Ukiangalia ukuta wa ndani utaona mistari, mmoja chini ya mwingine, kila mmoja ukiwa ni mahali ambapo maji yalisimama kwa muda kabla ya kushuka. Mstari wa juu ni mpana na mweupe. Wa chini ni mwembamba, una ukijani kidogo, na chini yake kuna mikwaruzo ya ndoo iliyokuwa ikitafuta maji kwenye kona. Huhitaji mtu wa kueleza. Unahitaji kurudi na kuchukua picha ile ile.

Na kurudi huko kuna kanuni zake. Piga kigingi au weka alama ya rangi pale pale miguu ya tripodi iliposimama, kwa ruhusa ya mwenyewe. Andika kimo cha kamera (tuseme mita 1.20), lenzi (35mm, si zumu iliyokadiriwa kwa macho), upande inakoelekea kwa dira, na kitu kinachogusa kona ya kushoto ya fremu. Kwa picha za ufuo ongeza jambo la pili: wakati wa maji. Picha ya Januari maji yakiwa mafu (siku yanapojaa na kupwa kidogo) na ya Juni wakati wa bamvua (siku yanapojaa na kupwa sana) zitaonyesha bahari imepanda hata kama haikupanda, na mtazamaji wa Lamu atakugundua mara moja. Linganisha bamvua na bamvua. Bahati nzuri, pwani hii siku za bamvua maji hujaa takriban saa kumi hadi saa kumi na moja, alfajiri na jioni, na hupwa saa nne hadi saa tano. Yaani kujaa kwa jioni huangukia kwenye mwanga mzuri. Siku inayofuata ongeza kama dakika 50.

Lini uende

Kwa Malindi panga safari tatu: moja kabla ya msimu, moja maji yakiwa juu, moja wiki sita baada ya maji kushuka. Wengi hufanya ya pili tu, nayo ndiyo dhaifu kuliko zote. Wakati huo kila mtu amekwisha kuulizwa swali lile lile na wanahabari na maafisa wa misaada, na jibu limekuwa moja: tumepoteza kila kitu, tunaomba serikali. Ni kweli tupu, lakini haimtofautishi Mzee huyu na jirani yake. Wiki sita baadaye nyumba ya udongo ina mstari wa kahawia kiunoni, chini yake udongo umemomonyoka hadi fito zikaonekana, juu yake bado kuna alama za viganja vya aliyeikandika. Hapo mwenye nyumba atakuambia ni fito zipi zitatumika tena na zipi ni kuni, na mahindi ya mbegu yaliokolewa juu ya dari au hayakuokolewa. Ukilazimika kukata safari moja, kata ile ya katikati. Picha za maji yakiwa juu unaweza kuzipata kwa wenyeji waliorekodi kwa simu zao, na uzilipie.

Kwa Lamu panga safari sita za siku tano hadi saba, zikigusa kaskazi, masika, kusi ilipokaza, na mwisho wa kiangazi majabia yakiwa chini. Chini ya safari nne, rudi Malindi.

Kufika na kuzunguka

Malindi kuna uwanja wa ndege, barabara, maduka ya vifaa, na gari linaloweza kuwa ghala lako. Tatizo huanzia mbele. Barabara ya Garsen kwenda Lamu hukatika Tana ukifurika, kama ilivyokuwa Novemba 2023 upande wa Gamba, na ukikwama ng'ambo unakaa siku nyingi. Usivuke barabara iliyofunikwa na maji kwa boti iliyojazwa watu. Aprili 2024 boti ya namna hiyo ilizama Madogo, karibu na Garissa, watu wakafa. Kila mmoja wa kikosi awe na jaketi lake la kuokolea, na mwenye mtumbwi pia. Tana una mamba na viboko, na mafuriko huwaingiza mashambani, kwa hiyo hakuna kusimama majini hadi magotini ili kupata pembe nzuri.

Lamu gari huishia Mokowe, kisha boti. Kuanzia hapo mizigo yako ni ya hamali na punda, kwa hiyo kiasi ni mabegi mawili kwa mtu, basi. Kwenda Pate boti hupitia mkondo wa Mkanda, katikati ya mikoko, na mkondo huo umejulikana kwa kina kidogo: maji yakipwa unaweza kukwama kwenye matope mpaka yarudi. Ratiba ya kurekodi Pate hupangwa na nahodha, si na mwongozaji. Mafuta ndiyo gharama inayowashangaza wengi. Injini ya nguvu-farasi 40 hula lita 12 hadi 18 kwa saa ikikimbia, na safari ya kwenda, kuzunguka na kurudi inaweza kumaliza lita 60 bila wewe kurekodi hata dakika ishirini. Barabarani kati ya Witu na Mokowe ulizia usalama siku hiyo hiyo. Kuna nyakati magari huenda kwa msafara wa askari, na hapo saa za kusafiri ni zao.

Kupokewa na watu

Hapa ndipo filamu nyingi huharibika, na huharibika kwa namna mbili tofauti.

Kwenye delta ya Tana wakulima Wapokomo na wafugaji Waorma na Wardei hugawana maji na malisho yale yale, na mapigano ya 2012 na 2013 hayajasahaulika. Ng'ombe ndani ya shamba la mpunga kwenye fremu yako si mandhari, ni tuhuma. Usiunganishe kwenye uhariri picha ya ng'ombe ya Jumatatu na sura ya mkulima ya Alhamisi. Ukirekodi upande mmoja, mtafute pia mzee wa upande wa pili kabla ya kuondoka, hata kama hutamtumia, ili ajue ulikuja kufanya nini. Mlango ni chifu, kisha wazee wa kijiji, kisha mwenye boma. Kwenye kambi ya waliohamishwa na mafuriko usirekodi nyuso kwenye foleni ya chakula. Rekodi mikono, magunia, na daftari la majina kutoka nyuma ya anayeandika, majina yasisomeke.

Ridhaa iombwe mara mbili: siku ya kurekodi, na tena maji yakishuka. Mtu aliyelala juu ya paa siku mbili hawezi kupima vyema anachokubali. Sheria ya Kulinda Data ya 2019 inataka ridhaa ya mzazi au mlezi kwa mtoto. Rekodi ridhaa hiyo kwa sauti, kwa lugha ya nyumbani, mtu akitaja filamu ni ya nini na itaonyeshwa wapi. Malipo yawe ya siku ya kazi iliyopotea, mafuta na chakula, kwa kiwango kimoja kilichokubaliwa na kamati ya kijiji na kuandikwa. Ukilipa machozi, kesho utayauziwa, na aliyekaa kimya ambaye ndiye mwenye habari hutampata kamwe.

Visiwani Lamu hakuna vita vya namna hiyo, lakini milango ni mingi na mizito. Kwa wavuvi anza na BMU, kamati ya wavuvi inayosimamia ufuo, ya pwani ile. Jabia likiwa la msikiti, zungumza na imamu, wala usiende Ijumaa mchana. Kinamama ndio wanaojua hesabu ya maji ya nyumba, ndoo ngapi na za nini, na hesabu hiyo husemwa uani. Bila mwanamke mwenye kamera kwenye kikosi chako hutaipata, utapewa mume akadirie. Ramadhani punguza saa za mchana, na sogeza mahojiano baada ya tarawehe.

Kisha lugha. Malindi Kiswahili cha kila siku kitakufikisha, na Kigiriama utahitaji mkalimani ukiingia bara. Lamu wahariri wa Nairobi hudhani wanaelewa kwa kuwa ni Kiswahili, hapo ndipo manukuu ya chini ya skrini yanapokosewa. Kwa Mwamu, mwenyeji wa Lamu, *nti* ni nchi na *mato* ni macho, na Kibajuni cha Kizingitini kiko mbali zaidi. Tenga siku mbili kwa kila saa ya mahojiano ukae na mwenyeji mkiandika neno kwa neno. Majina ya pepo na ya maji usiyabadilishe kuwa "upepo mkali" na "maji ya juu". Mtu akisema kusi, kaskazi au bamvua, amekuambia mwezi, upande na hatari kwa neno moja.

Tope na chumvi

Kamera ile ile hufa vifo viwili. Malindi na Tana adui ni tope laini na maji ya ghafla: linakaa kwenye viungo vya tripodi, likikauka linasaga. Fungua miguu ya tripodi kila jioni, suuza kwa maji safi, kausha kabla ya kukaza. Lamu adui ni chumvi, nayo haionekani. Usifute lenzi kavu kwa kitambaa baada ya safari ya boti, kwa maana chembe za chumvi hukwaruza kioo. Puliza kwanza kwa pampu ya mkono, futa kwa kitambaa chenye unyevu wa maji baridi yasiyo ya chumvi, kisha kikavu. Weka kichujio cha kinga kwenye kila lenzi na usikiondoe. Ukilala chumba chenye kiyoyozi, kamera iache begini imefungwa kwa nusu saa hadi saa nzima nje kabla ya kuitoa, la sivyo ukungu utaingia ndani ya lenzi, na ukungu ukirudi rudi huzaa kuvu.

Mwanga ni mkali pande zote mbili. Kwa fremu 25 na shata 1/50, jua la mchana, ISO 100 na f/4, unahitaji kichujio cha ND (kioo cha giza kinachopunguza mwanga) cha stopu 5, kila stopu ikikata mwanga nusu. Kamera inayoanzia ISO 800 inahitaji stopu 8. Vichochoro vya Lamu ni vigumu zaidi, ukuta mmoja unawaka na mwingine ni giza. Rekodi huko kabla ya saa mbili na nusu asubuhi au baada ya saa kumi. Simu nzuri inatosha kwa Tana kwenye mtumbwi, lakini juani ikirekodi 4K huzima kwa joto. Ifunike kwa kitambaa cheupe na urekodi vipande vya dakika tatu tatu.

Sauti ndiyo inayoonea watu Lamu: upepo wa kusi, injini za boti, punda. Maikrofoni ya kifuani ivae manyoya yake na ikae ndani ya kanzu au chini ya mtandio, si juu. Tana utaponzwa na mabati. Mvua juu ya bati hufuta mahojiano yote, wala usitegemee programu kuyarudisha. Hamia chini ya makuti, ambako mvua hiyo hiyo husikika laini na inafaa kubaki kwenye filamu. Weka kilele cha sauti karibu na desibeli -12, na rekodi dakika moja ya ukimya kila mahali.

Vibali, droni, hifadhi

Leseni ya kurekodi chini ya Sura 222, sheria ya filamu ya Kenya, ni ile ile kwa miji yote miwili, na mgeni hupitia wakala aliyesajiliwa nchini. Ukiingia hifadhi za bahari za Malindi au Kiunga, ongeza kibali cha KWS, shirika la wanyamapori la Kenya. Droni huhitaji usajili na ruhusa ya KCAA, mamlaka ya usafiri wa anga. Uwanja wa ndege wa Malindi uko karibu na mji, na wa Lamu uko Manda, ng'ambo tu ya mkondo, kwa hiyo miji yote miwili imo kwenye eneo la vikwazo. Lamu ongeza sababu za kiusalama. Bajeti ya droni iweke kwenye delta, na kama kibali hakijafika, panda mnara wa msikiti au mnazi kwa ruhusa.

4K ya megabiti 100 kwa sekunde hula GB 45 kwa saa. Siku tano za saa tatu ni GB 675. Beba diski mbili za TB 2, zisafiri kwa mabegi tofauti na, Lamu, kwa boti tofauti. Paneli ya wati 100 hutoa kama Wh 400 siku ya jua, lakini masika usiihesabie hata nusu yake.

Ozi, kwa asiyeweza kuchagua

Ukibaki huwezi kuamua, kuna mahali ambapo mto na bahari hukutana: Ozi na Kipini, mlangoni mwa Tana. Mto ukipungua, maji ya bahari hupanda na kuchoma mpunga kwa chumvi. Mto ukifurika, shamba lile lile huzama. Wakulima wa huko wanapanda mikoko kwenye kingo. Panafikiwa kutoka Malindi kwa barabara hadi Kipini na kisha boti, barabara ikiwa wazi. Kwa bahari kutoka Lamu usijaribu wakati wa kusi, mlango wa mto una mawimbi mabaya na mchanga unaohama. Nenda Februari kwa chumvi, rudi Juni kwa maji, na siku ya kwanza mwambie mwenye shamba akuonyeshe kwa kuonja, si kwa maneno: maji ya mfereji asubuhi mto ukishuka, na maji ya mfereji huo huo bahari ikijaa.